Kabla ya Kufuta Mchezo na Kuanza Upya: Mwongozo kwa Watumiaji wa Gemu za Mkononi

Kuanza upya ni sehemu ya kawaida ya kucheza gemu. Aliyekwisha kuumaliza mchezo hutamani kuupitia tena kwa njia nyingine. Mtoto aliyerithi kifaa kutoka kwa kaka yake hutaka jina lake ndilo lionekane ndani ya mchezo. Mnunuzi wa kifaa kilichotumika hukuta safari ya mtu asiyemjua imefika katikati, naye hana haja ya kuiendeleza. Katika hali zote hizo, jibu linalokuja haraka ni kufuta kilichohifadhiwa na kuanza mwanzo. Tendo lenyewe huchukua sekunde chache. Kinachofutwa, hata hivyo, kinaweza kuwa matunda ya miezi mingi, na mara nyingi hakirudi tena.

Katika makala haya tunaeleza rekodi ya mchezo hukaa wapi, hufutwaje katika vifaa vinavyofahamika zaidi, na mtumiaji achukue hatua gani kabla ya kuifuta. Hoja yetu kuu ni kwamba kufuta kuwe hatua ya mwisho, baada ya mtumiaji kujua rekodi iko wapi, ni ya nani, na kama ina nakala. Akishayajua hayo, si mara chache atagundua kwamba anaweza kuanza upya bila kufuta chochote.

Vitu vitatu visivyopaswa kuchanganywa

Hasara nyingi hutokana na kuchanganya vitu vitatu vilivyo tofauti. Cha kwanza ni mchezo wenyewe, yaani programu iliyomo ndani ya kaseti, kadi au diski, au iliyopakuliwa kutoka duka la mtandaoni. Cha pili ni rekodi ya mchezo: jina la mchezaji, mahali alipofikia, vitu alivyokusanya na saa alizocheza. Cha tatu ni akaunti, yaani utambulisho wa mtumiaji kwa kampuni inayouza michezo, ambao hubeba anwani ya barua pepe, nenosiri, orodha ya michezo iliyonunuliwa na pengine taarifa za kadi ya benki.

Kufuta kimojawapo si kufuta vingine. Anayeondoa programu kwenye kifaa huenda hajagusa rekodi. Anayefuta rekodi bado anaumiliki mchezo na anaweza kuucheza tena bila malipo mapya. Naye anayefuta rekodi zote kabla ya kuuza kifaa, huku akaunti yake ikiwa wazi ndani yake, amemkabidhi mnunuzi utambulisho wake. Swali la kwanza la kujiuliza, basi, ni hili: ninachotaka kiondoke ni kipi kati ya hivi vitatu?

Rekodi hukaa wapi

Jibu hutegemea umri na aina ya kifaa, na ndilo linaloamua nani anapoteza nini.

Katika kaseti nyingi za Game Boy, kifaa kilichotoka mwaka 1989, rekodi huandikwa kwenye chipu inayohitaji umeme wakati wote, hata kifaa kikiwa kimezimwa. Umeme huo hutoka kwenye betri ndogo ya duara iliyofungwa ndani ya kaseti yenyewe. Betri ikiisha, rekodi hutoweka pasipo mtu kubonyeza chochote. Vilevile, fundi anayeifungua kaseti na kubadilisha betri bila kuchukua nakala huifuta rekodi pale pale anapoitoa betri ya zamani. Mwenye kaseti ya aina hii amwulize fundi, kabla ya kazi kuanza, kama ana kifaa cha kunakili rekodi.

Kaseti na kadi za miaka iliyofuata, zikiwemo nyingi za Game Boy Advance na za Nintendo DS, hutumia chipu inayotunza rekodi bila umeme. Baadhi yake bado zina betri, lakini kwa kazi nyingine. Mfano mzuri ni michezo ya Pokémon Ruby na Pokémon Sapphire. Betri yake huendesha saa ya ndani tu. Ikiisha, ujumbe hujitokeza kwenye skrini kueleza kwamba matukio yanayotegemea saa hayatatokea tena, ila mchezo unaendelea. Mtumiaji anayeuona ujumbe huo asidhani kaseti imeharibika wala asifute rekodi kwa matumaini ya kuitengeneza. Rekodi yake ni salama, na kuifuta hakutairudisha saa.

PSP ya kampuni ya Sony husoma michezo kutoka kwenye diski isiyoweza kuandikwa. Kwa sababu hiyo rekodi hukaa kwenye memori kadi inayochomekwa ubavuni mwa kifaa. Anayeuza diski hauzi rekodi yake, lakini anayeiacha memori kadi ndani ya kifaa ameiuza pamoja nacho.

Nintendo Switch, iliyotoka mwaka 2017, imebadili utaratibu wa vifaa vya kampuni hiyo vilivyotangulia. Rekodi haziandikwi kwenye kadi ya mchezo wala kwenye memori kadi ya nje. Hukaa katika kumbukumbu ya ndani ya kifaa, kila mtumiaji na zake. Anayenunua kadi ya Switch iliyotumika hatakuta humo rekodi ya mtu mwingine. Kwa upande wa pili, anayeuza kifaa na kubaki na kadi zake asidhani kwamba amebaki na rekodi pia.

Mfano wa Pokémon: rekodi moja, mchezaji mmoja

Michezo ya Pokémon inafaa kuwa mfano kwa sababu suala la kufuta ni gumu zaidi ndani yake. Tangu matoleo ya kwanza yaliyouzwa Japani mwaka 1996, mchezaji huanza safari kwa kuchagua kiumbe mmoja kati ya watatu, na uamuzi huo haubadiliki. Kwa sababu hiyo wengi hutamani kuanza tena ili wachague mwingine. Tatizo ni kwamba kaseti au kadi ya michezo mikuu ya mfululizo huu hutunza rekodi moja tu. Ndugu wawili hawawezi kuwa na safari mbili ndani ya kaseti moja. Mmoja akianza, wa pili lazima asubiri au aifute ya mwenzake.

Katika matoleo ya Game Boy, Game Boy Advance na Nintendo DS, rekodi hufutwa kwenye skrini ya jina la mchezo, kabla ya kuingia ndani. Mtumiaji hubonyeza kwa pamoja mshale wa juu, kitufe cha Select na kitufe cha B. Katika matoleo ya Nintendo 3DS, mshale wa juu hubonyezwa pamoja na vitufe vya B na X. Mchezo huuliza kama kweli mtumiaji anataka kufuta kila kilichohifadhiwa. Tunasisitiza kwamba swali hilo lisomwe kwa utulivu, kwani baada ya kukubali hakuna kitufe cha kutengua. Ugumu wa kubonyeza vitufe vitatu kwa mpigo umewekwa makusudi, ili mtu asifute kwa bahati mbaya.

Ipo tofauti moja inayoweza kuokoa kazi ya miezi. Katika matoleo ya mwanzo ya Game Boy, kuchagua kuanza mchezo mpya hakuifuti rekodi ya zamani papo hapo. Rekodi ya zamani hufutika pale mchezaji anapohifadhi safari mpya kwa mara ya kwanza, na mchezo humwonya kabla ya kufanya hivyo. Kwa hiyo, mzazi akikuta mtoto ameanza mchezo mpya juu ya safari ya dada yake, jambo la kufanya ni kukizima kifaa bila kuhifadhi. Kikiwashwa tena, safari ya dada itakuwepo. Asikimbilie kuingia kwenye menyu kwa lengo la kurekebisha, maana hatari iko kwenye kitendo cha kuhifadhi. Michezo mingi ya sasa hujihifadhi yenyewe, na nafasi hii ya uokoaji huwa fupi sana au haipo kabisa.

Asiyetaka kupoteza viumbe aliowakusanya anaweza kuwahamisha kabla ya kufuta. Katika matoleo ya kale hilo hufanyika kwa kuunganisha vifaa viwili kwa waya na kubadilishana viumbe na mtu anayeaminika, ambaye atawarudisha baadaye. Kwa matoleo ya Switch ipo huduma ya Pokémon HOME, iliyoanza mwaka 2020, ambayo bila malipo hutunza viumbe 30, na kwa ada hutunza wengi zaidi. Zingatia kwamba kinachohamishwa ni viumbe peke yao. Jina la mchezaji, vitu vyake na hatua aliyofikia vitafutika.

Nintendo Switch: jaribu kwanza wasifu mpya

Mtumiaji wa Switch ana njia ambayo mwenye kaseti ya zamani hakuwa nayo. Kifaa kimoja hupokea watumiaji hadi 8, kila mmoja na wasifu wake, na kwa michezo mingi kila wasifu una rekodi yake. Anayetaka kuanza upya anaweza kufungua wasifu mwingine na kuanza safari mpya, huku ile ya awali ikibaki kama ilivyo. Tunashauri njia hii ijaribiwe kwanza. Haina gharama, na mtumiaji akibadili nia hatakuwa amepoteza kitu.

Wapo wanaotafuta matokeo hayo kwa kuondoa mchezo kwenye kifaa na kuupakua tena, kisha wakashangaa kukuta safari ya zamani ikiwangoja. Sababu ni kwamba kwenye Switch kuondoa programu hakugusi rekodi. Anayetaka hasa kuifuta rekodi huenda kwenye mipangilio ya mfumo, akafungua sehemu ya usimamizi wa data, kisha akachagua kipengele kilichoandikwa Delete Save Data. Hapo huchagua mchezo na mtumiaji ambaye rekodi yake itafutwa. Jina na picha ya wasifu vitazamwe mara mbili, kwa sababu katika familia yenye wasifu nne au tano ni rahisi kufuta ya jirani.

Matendo mawili yanayofanana na hili yana madhara makubwa zaidi. La kwanza ni kufuta wasifu wa mtumiaji, ambalo huondoa rekodi zote za mtumiaji huyo katika michezo yote. La pili ni kurudisha kifaa katika hali ya kiwandani, ambalo huondoa rekodi za watumiaji wote. Asiyetaka ila kuanza mchezo mmoja upya hana haja ya kufanya lolote kati ya hayo mawili.

Upo pia mchezo usiofuata kanuni ya wasifu, nao ni Animal Crossing: New Horizons wa mwaka 2020. Kifaa kimoja cha Switch kina kisiwa kimoja tu, hata kiwe na wachezaji wangapi. Mtu wa kwanza kuanza ndiye huwa mwakilishi wa wakazi, na hawezi kuondolewa bila kufuta kisiwa kizima pamoja na nyumba za wengine wote. Familia inayoanza mchezo huo iamue mapema nani atakuwa wa kwanza, na mwenye kutaka kuanza upya asifanye hivyo pasipo ridhaa ya wakazi wenzake.

PSP: nakili kwanza, ufute baadaye

Kwenye PSP rekodi huonekana katika menyu kuu, chini ya sehemu ya michezo, mahali panapoorodhesha data zilizohifadhiwa. Mtumiaji huchagua rekodi, hubonyeza kitufe cha pembetatu na kupata chaguo la kufuta. Lakini kabla ya hapo afaidike na uwezo wa kifaa hiki. PSP ikiunganishwa na kompyuta kwa waya wa USB, memori kadi huonekana kama flashi ya kawaida. Ndani yake kuna folda iitwayo PSP, na ndani ya folda hiyo kuna nyingine iitwayo SAVEDATA. Kuinakili folda hiyo kwenye kompyuta huchukua dakika chache, na siku rekodi ikihitajika hurudishwa mahali pale pale.

Michezo ya simu: rekodi isiyotaka kuondoka

Kwa wengi wa wasomaji wetu, kifaa cha gemu cha mkononi ni simu. Hapa shida huwa kinyume: mtumiaji hufuta, lakini rekodi hurudi. Michezo mingi ya simu hutunza rekodi katika seva za mtengenezaji au katika akaunti ya Google au ya Apple. Kuondoa programu na kuisakinisha tena huifuta nakala ya kwenye simu tu. Mtumiaji akiingia kwa akaunti ile ile, safari ya zamani hupakuliwa upya. Mchezo kama Clash of Clans, kwa mfano, hutambua mchezaji kwa akaunti yake kwa mtengenezaji, si kwa simu anayotumia.

Anayetaka kuanza upya kwenye simu atafute kwanza ndani ya mipangilio ya mchezo kama kuna chaguo la kuanza upya au la kufungua akaunti nyingine. Na kabla ya kukubali, afikirie fedha alizokwisha kutumia. Sarafu na vito vya ndani ya mchezo, vinavyonunuliwa na kutumika, kwa kawaida havirudishwi rekodi ikifutwa. Manunuzi ya kudumu, kama vile kuondoa matangazo, mara nyingi huweza kurejeshwa kupitia akaunti iliyonunua. Mtumiaji asome maelezo ya mchezo husika na atunze ujumbe wa uthibitisho wa malipo.

Je, kilichofutwa chaweza kurudi?

Kinaweza kurudi pale tu palipokuwa na nakala. Kwenye Switch, wenye usajili wa kulipia wa Nintendo Switch Online hupata hifadhi ya mtandaoni kwa michezo mingi. Usajili ukikoma, rekodi zilizoko huko zinaweza kupatikana tena iwapo mtumiaji atajisajili upya ndani ya siku 180. Hata hivyo si kila mchezo umo. Pokémon Sword na Pokémon Shield za mwaka 2019, kwa mfano, hazitumii huduma hiyo ya kuhifadhi nakala. Mwenye usajili asichukulie kwamba kila rekodi yake ina nakala. Ahakikishe kwa mchezo anaotaka kuufuta.

Kwa kaseti na kadi za zamani, mchezo ukishafuta rekodi kwa amri ya mtumiaji, mtumiaji wa kawaida hana njia ya kuirejesha. Tunatoa tahadhari mahususi kuhusu watu wanaoahidi, kwa malipo ya awali, kurudisha safari iliyofutwa. Anayetoa ahadi hiyo aulizwe nakala ataitoa wapi. Kama mtumiaji mwenyewe hakuwahi kuchukua nakala, na mchezo haukuwa na hifadhi ya mtandaoni, ahadi hiyo haina msingi. Wengine huweka rekodi nyingine iliyokwisha kuendelezwa na kuiita iliyorudishwa. Jina la mchezaji na saa zilizochezwa zitaonyesha kwamba si ile. Wapo pia wanaoomba nenosiri la akaunti ili washughulikie. Nenosiri lisitolewe kwa yeyote.

Kununua na kuuza kifaa kilichotumika

Soko la vifaa vilivyotumika lina manufaa, kwani humwezesha mtu wa kipato cha kawaida kupata kifaa kizuri kwa bei nafuu. Faida hiyo huhitaji uangalifu wa pande zote mbili.

Mnunuzi wa kaseti au kadi ya zamani afanye jaribio moja kabla ya kulipa. Aanze mchezo, ahifadhi, azime kifaa, asubiri dakika chache, kisha awashe tena. Safari ikiwepo, rekodi inaandikika. Isipokuwepo, huenda betri imeisha au kaseti ni ya bandia. Kaseti bandia za michezo yenye jina ni nyingi, na kushindwa kuhifadhi ni miongoni mwa kasoro zake za kawaida. Lakini kabla ya jaribio lolote linaloandika juu ya rekodi iliyopo, amwulize muuzaji kama ana haja na safari iliyomo. Hilo ni suala la uungwana, na huzuia ugomvi.

Mnunuzi wa kifaa cha Switch ahakikishe kwamba muuzaji ameondoa akaunti yake na kukirudisha kifaa katika hali ya kiwandani. Kifaa kilichobaki na akaunti ya mtu mwingine kinaweza kuleta mzozo baadaye, hata kama kilinunuliwa kihalali.

Muuzaji naye afuate mpangilio huu: achukue nakala ya anachotaka kubaki nacho, ahamishe rekodi kwenye kifaa chake kipya kama anacho, aondoe akaunti na taarifa za malipo, ndipo akirudishe kifaa katika hali ya kiwandani. Akianza na hatua ya mwisho, mbili za mwanzo hazitawezekana.

Nchini Tanzania, Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inakataza mfanyabiashara kumpotosha mtumiaji kuhusu bidhaa anayomuuzia. Muuzaji anayejua kwamba kaseti haihifadhi, kisha akasema inahifadhi, yumo ndani ya katazo hilo. Aidha, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inatambua kwamba taarifa zinazomtambulisha mtu zinastahili ulinzi. Taarifa hizo zinaweza kubaki ndani ya kifaa cha gemu kama zinavyobaki ndani ya simu. Kila anayenunua dukani adai risiti, kwa kuwa bila risiti malalamiko ni magumu kuyathibitisha. Anayepeleka kifaa kwa fundi aandikiane naye kama rekodi zitaguswa au hazitaguswa.

Kifaa kimoja, watoto wengi

Kwa mtu mzima asiyecheza, rekodi ya mchezo huonekana kuwa jambo dogo. Kwa mtoto wa miaka 10 aliyeijenga likizo nzima, ni mali yake. Kuifuta kama adhabu, au kumruhusu mdogo wake aifute ili anyamaze, huacha kinyongo ambacho kununua kaseti nyingine hakukiondoi, kwa sababu kilichopotea hakiuzwi dukani. Tunawashauri wazazi na walezi waweke kanuni nyepesi nyumbani: hakuna anayefuta rekodi isiyo yake, na anayetaka kufuta yake amwonyeshe mtu mzima skrini kabla ya kubonyeza kitufe cha mwisho. Adhabu ikilazimu, kifaa kiwekwe kabatini kwa siku kadhaa. Kifaa kitatoka kabatini siku zikiisha. Rekodi iliyofutwa haitatoka popote.

Hatua sita kabla ya kufuta

1. Amua unachotaka kiondoke: programu, rekodi au akaunti.
2. Tafuta rekodi iko wapi: kwenye kaseti, memori kadi, kumbukumbu ya kifaa au mtandaoni.
3. Tazama jina la mchezaji na saa alizocheza, uhakikishe rekodi ni yako. Kama si yako, mwulize mwenyewe.
4. Angalia kama unaweza kuanza upya bila kufuta, kwa wasifu mpya, nafasi nyingine ya kuhifadhi au memori kadi nyingine.
5. Chukua nakala au hamisha unachotaka kubaki nacho, kisha thibitisha kwamba kimefika.
6. Soma onyo la kwenye skrini hadi mwisho, ndipo ukubali.

Hatua hizi zote, kwa kifaa kimoja na mchezo mmoja, hazizidi muda wa kunywa kikombe cha chai. Aliyezifuata anaweza kufuta kwa moyo mweupe na kuianza safari yake mpya akijua kwamba ile ya zamani ama imetunzwa, ama imeachwa kwa hiari. Mtumiaji aliyeuziwa kaseti isiyohifadhi, au ambaye rekodi zake zimefutwa na fundi kinyume cha makubaliano, aanze kwa kumweleza muuzaji au fundi huyo kwa maandishi, aambatishe nakala ya risiti, na ajipatie tarehe ya kujibiwa. Asiporidhika, awasilishe malalamiko yake kwa mamlaka inayohusika akiwa na maandishi hayo mkononi.